Msuguano: neno la fundi lililochelewa kuingia darasani

Jumapili iliyopita binti yangu, ambaye yuko shule ya upili, alinijia sebuleni na daftari la fizikia mkononi. Alikuwa amekariri maana ya msuguano kwa Kiingereza, neno kwa neno, jinsi mimi mwenyewe nilivyoikariri miaka zaidi ya 30 iliyopita: kwamba ni nguvu inayopinga mwendo. Nikamwambia vyema. Akanitazama, akaniuliza: "Sasa Baba, kama msuguano unapinga mwendo, mbona kwenye matope, pale usipokuwepo, ndipo tunashindwa kwenda?"

Nilikosa jibu. Mimi ni mwalimu wa Kiswahili, si wa sayansi, na ningeweza kumrudisha kwa mwalimu wake. Lakini swali lile lilinikaa kooni kama mwiba wa samaki, kwa kuwa halikuwa swali la fizikia peke yake. Lilikuwa swali la lugha: sentensi aliyofunzwa ilikuwa inampeleka kusiko. Nilipoanza kufuatilia nikagundua kuwa lilikuwa pia swali la historia, kwa sababu binadamu walichukua muda mrefu ajabu kulijibu. Makala haya ni matokeo ya ufuatiliaji huo.

Kabla sijaingia kwenye historia yenyewe, niruhusu msomaji nianze na mjomba wangu.

Mjomba alikuwa dereva wa lori. Nilipokuwa na umri wa miaka kama kumi hivi alinichukua likizoni, nikakaa katikati yake na utingo wake, tukapanda nyanda za juu kutafuta shehena ya mahindi. Tulipokuwa tukirudi, lori likiwa limejaa, tuliteremka mlima mrefu. Nakumbuka alivyoweka gia ndogo kabla mteremko haujaanza, injini ikanguruma kwa hasira hadi chini. Kuna lori jingine lililotupita likishuka kwa kasi, kimya, dereva wake ameachilia gia ili kuokoa mafuta. Tulilikuta mbele limesimama kando ya barabara likitoa moshi magurudumuni, na harufu ya kitu kilichoungua ikatuingia puani. Shukuru Mungu hakuna aliyeumia. Mjomba alisimama, akaninyanyua mkono, akausogeza karibu na gurudumu la lile lori bila kuligusa. Joto lilinifanya niurudishe mkono haraka. Akasema: "Breki si ya kuteremkia mlima. Breki ni ya kusimamia. Ukiisugua njia nzima, siku utakayoitaka haitashika."

Miaka michache baadaye nilikuwa darasani nikikariri ile sentensi ya Kiingereza. Sikuwahi hata siku moja kuihusisha na mkono wangu karibu na lile gurudumu. Yale yalikuwa mambo ya barabarani. Haya yalikuwa mambo ya mtihani. Nilipata alama zangu, nikaendelea na maisha.

Tuanze basi na neno lenyewe. Kitenzi ni "sugua". Tunasugua sufuria, tunasugua miguu kwa jiwe, tunasugua sakafu. Tukikipa kiambishi cha kutendana, tunapata "suguana", na kutoka hapo nomino "msuguano", kama vile "gongana" inavyozaa "mgongano" na "vutana" inavyozaa "mvutano". Tazama kazi inayofanywa na kile kiambishi kidogo "-an-". Hakiruhusu kitu kimoja kujisugua peke yake hewani. Kinadai wawili. Wahenga walisema kidole kimoja hakivunji chawa, nami naongeza kwamba kitu kimoja hakina msuguano. Kilatini kina kitenzi "fricare", yaani kusugua, na kutokana nacho Waingereza walipata istilahi yao; lakini istilahi hiyo haina alama ya kutendana. Yetu inayo.

Kuna neno la pili. Kamusi Sanifu ya Biolojia, Fizikia na Kemia iliyotolewa na Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili mwaka 1990, pamoja na vitabu vya sayansi vya shule za msingi za Tanzania, hulitumia neno "kani" pale ambapo sisi Wakenya mara nyingi husema "nguvu" kwa jumla. "Kani" si neno lililobuniwa maabarani. Ni neno la zamani, na matumizi yake mojawapo ni katika usemi "kushika kani", yaani kung'ang'ania, kukataa kubanduka kwenye msimamo. Mtu aliyeshika kani hasukumiki. Tunza maana hiyo akilini, msomaji, kwa maana tutairudia.

Sasa historia. Katika kaburi la mtawala mmoja wa Misri ya kale aitwaye Djehutihotep, aliyeishi takriban miaka 1900 kabla ya Kristo, kuna mchoro maarufu. Wanaume zaidi ya 170 wamepangwa kwa safu wakivuta kwa kamba sanamu kubwa mno, iliyofungwa juu ya chombo cha mbao kisicho na magurudumu. Mbele ya chombo hicho, miguuni pa sanamu, amesimama mtu mmoja anayemwaga kimiminika mchangani. Kwa muda mrefu wasomi walidhani labda ni ibada. Mwaka 2014 watafiti wa Chuo Kikuu cha Amsterdam walifanya majaribio wakaonyesha kwamba mchanga ukitiwa maji kwa kiasi kinachofaa, nguvu inayohitajika kuvuta mzigo juu yake hupungua hadi karibu nusu. Mchanga mkavu hujilundika mbele ya mzigo. Ulioloa kwa kiasi hushikamana, ukawa imara. Maji yakizidi, faida inapotea.

Yule mtu mwenye mtungi hakuwa na nadharia yoyote tunayoijua. Alikuwa na kipimo cha mkono na jicho. Tofauti kati ya kujua la kufanya na kujua kwa nini ndiyo uti wa mgongo wa historia hii.

Ndivyo ilivyokuwa pwani yetu pia. Mafundi wa majahazi Lamu na kwingineko wana kitenzi mahususi, "kushua", cha kukitoa chombo nchi kavu na kukitia majini. Hukiburura juu ya magogo, watu wengi wakivuta kwa pamoja kwa mwito mmoja. Wana pia "deheni", mchanganyiko wenye mafuta unaopakwa sehemu ya chini ya chombo. Yeyote aliyewahi kushuhudia chombo kikishuliwa anajua sehemu ngumu ni ipi. Watu wanavuta, kamba zinakazika, hakuna kitu. Wanaongezeka watatu wanne, wanavuta tena, na ghafla chombo kinabanduka. Kikishabanduka, mambo yanakuwa nafuu.

Jambo hilohilo lilimgusa Aristotle, mwanafalsafa wa Kiyunani aliyeishi kati ya 384 na 322 kabla ya Kristo. Katika maandishi yake kuhusu maumbile aliwataja wavutaji wa meli. Alisema kwamba ikiwa kundi zima linaweza kuivuta meli umbali fulani, haifuati kuwa mtu mmoja peke yake ataivuta sehemu ndogo ya umbali huo. Huenda asiisogeze hata kidogo. Alikuwa amegusa siri kubwa: kuna kizingiti. Chini ya kizingiti hicho, meli imeshika kani. Lakini hakukigeuza kizingiti hicho kuwa nguvu yenye jina lake. Badala yake aliamini kwamba kila kinachokwenda kinahitaji kitu cha kukisukuma muda wote, na kikiachwa, kitasimama kwa asili yake.

Nani angembishia? Mkokoteni ukiachwa unasimama. Mpira unasimama. Msuguano ulikuwa umejificha mahali pazuri kuliko pote, yaani kila mahali. Samaki hawezi kuwa wa kwanza kuuliza maji ni nini. Takriban miaka 700 baada ya Aristotle, mfasiri wake mmoja aitwaye Themistius aliandika kwamba ni rahisi zaidi kuendeleza mwendo wa kitu ambacho tayari kinakwenda kuliko kukianzisha kitu kilichotulia. Kila mtu wa kushua jahazi angemjibu: hilo mbona twalijua?

Mtu wa kwanza tunayemfahamu aliyekaa chini kupima alikuwa Leonardo da Vinci, yule Mwitalia tunayemjua zaidi kwa picha ya Mona Lisa. Karibu na mwisho wa karne ya 15 alichora vibao juu ya meza, kila kimoja kimefungiwa uzi unaopita juu ya kapi na kuning'iniza uzani. Alipata mambo mawili. La kwanza, uzito ukiongezeka mara mbili, msuguano nao unaongezeka mara mbili. La pili lilikuwa la kustaajabisha: kibao kikilazwa kwa ubavu wake mpana au kikisimamishwa kwa ubavu mwembamba, msuguano ni uleule. Alikisia pia kwamba kwa vitu laini msuguano ni kama robo ya uzito wa kitu.

Kisha? Hakuna. Leonardo hakuchapisha. Madaftari yake, aliyoyaandika kwa mwandiko wa kinyumenyume kuanzia kulia kwenda kushoto, yalitawanyika baada ya kufariki kwake mwaka 1519. Mengine yalipotea machoni pa watu kwa karne nyingi. Mawili yaligunduliwa tena katika maktaba ya taifa ya Madrid katika miaka ya 1960. Maarifa hayo yalifukiwa na ikabidi yavumbuliwe upya. Mtu anaweza kujua jambo sawasawa na jamii yake isijue chochote.

Karne iliyofuata ilileta mageuzi kwa njia ya ajabu: kwa kuuondoa msuguano. Galileo Galilei aliviringisha vitufe juu ya mbao zilizoinama, akazilainisha kadiri alivyoweza, kisha akajiuliza ingekuwaje kama kungekuwa hakuna kizuizi kabisa. Jibu lake lilipindua mawazo ya Aristotle: kitufe kingeendelea tu bila kusukumwa. Mwaka 1687 Isaac Newton alilitia wazo hilo katika sheria zake za mwendo. Ikawa sasa kusimama ndiko kunakohitaji sababu, wala si kwenda. Ni hapo ambapo msuguano ungeweza kuhesabiwa kuwa nguvu kamili. Alipoondolewa mezani ndipo watu walipoiona nafasi yake tupu.

Mwaka 1699 Mfaransa Guillaume Amontons, mtu aliyekuwa kiziwi tangu ujana wake, alisimama mbele ya Chuo cha Kifalme cha Sayansi mjini Paris na kueleza matokeo ya majaribio yake. Hakujua habari za Leonardo. Alieleza sheria zilezile mbili: msuguano hulingana na uzito unaokandamiza, na hautegemei ukubwa wa eneo linaloonekana kugusana. Yeye alikisia theluthi badala ya robo. Wanachama wa chuo walilikubali la kwanza lakini la pili likawatatiza. Inawezekanaje eneo lisihesabiwe? Mwenzao Philippe de La Hire akarudia majaribio, na matokeo yakawa yaleyale. Katikati ya karne ya 18 Leonhard Euler, mwanahisabati Mswisi, akatenganisha kwa hesabu kile ambacho Aristotle na Themistius walikigusa: kuna msuguano wa kitu kilichotulia, na kuna msuguano wa kitu kinachoteleza, na aghalabu wa kwanza ni mkubwa kuliko wa pili.

Aliyeyaweka yote pamoja ni Charles-Augustin de Coulomb. Wanafunzi wetu humkuta katika somo la umeme, lakini kabla ya hapo alikuwa mhandisi wa jeshi la Ufaransa, aliyetumia miaka kadhaa akijenga ngome katika kisiwa cha Martinique. Chuo cha Paris kilikuwa kimetangaza shindano kuhusu msuguano na ukakamavu wa kamba, kwa sababu jeshi la majini lilihitaji majibu. Coulomb aliyafanyia majaribio yake Rochefort, mji wenye bandari na karakana za meli. Alivuta mbao za mwaloni juu ya mwaloni, chuma juu ya chuma, mbao kavu na mbao zilizopakwa shahamu, kwa mizigo midogo na mizito sana. Akashinda tuzo mwaka 1781, na kazi yake ikachapishwa mwaka 1785. Alithibitisha sheria za Amontons, akaonyesha kwamba kitu kikikaa muda mrefu mahali pamoja huzidi kushika, na kwamba kikishaanza kuteleza kasi haibadilishi sana msuguano wake.

Angalia jambo hili. Sheria hizo hazikukamilika katika maktaba. Zilikamilika katika karakana ya meli, kwa mbao, kamba na shahamu, vitu vilevile ambavyo fundi wa Lamu angevitambua bila mkalimani. Sayansi ya msuguano ilisonga mbele siku ambayo msomi alikubali kwenda pale alipo fundi na kupima anachokifanya.

Hata hivyo, ile dhana kwamba msuguano ni adui tu haikuondoka. Wafaransa walitaka kuupunguza, na kila mwenye mashine alitaka hivyohivyo. Kisha likaja garimoshi. Mapema karne ya 19, huko Uingereza, wahandisi kadhaa walihofia kinyume chake: kwamba magurudumu laini ya chuma juu ya reli laini ya chuma hayatashika, yatazunguka papo hapo. John Blenkinsop aliunda mfumo wa gurudumu lenye meno linalong'ata reli yenye meno, na ulianza kazi karibu na mji wa Leeds mwaka 1812. Karibu na wakati huohuo William Hedley alifanya majaribio huko Wylam na kuonyesha kwamba kwenye njia ya kawaida meno hayahitajiki: uzito wa garimoshi wenyewe unatosha kuyafanya magurudumu yashike. Garimoshi linakwenda kwa sababu ya msuguano. Bila huo lingenguruma siku kutwa bila kusogea hata pima moja, sawasawa na gari lililonasa kwenye matope.

Wenyeji wa nchi hii waliona mpaka wa ushikaji huo. Reli ya Uganda iliyoanzia Mombasa mwaka 1896 ilipofika ukingo wa Bonde la Ufa, kabla njia ya kudumu haijakamilika, mabehewa yaliteremshwa kwa kamba za waya kwenye mteremko mkali. Juu ya mwinamo kama ule chuma hakiwezi tena kukishika chuma. Na hata kwenye miinamo ya kawaida magarimoshi ya mvuke yalibeba mchanga wa kunyunyizia reli palipoteleza. Yule Mmisri alimwaga maji juu ya mchanga ili mzigo uteleze. Dereva wa garimoshi alimwaga mchanga juu ya reli yenye maji ili gurudumu lishike. Wote wawili walikuwa wanaongoza kitu kimoja.

Na joto je? Wazee wetu walipekecha moto: kijiti kimoja kigumu kikizungushwa kwa viganja juu ya kingine laini mpaka kaa likatokea. Kitenzi hicho "pekecha" leo tunakitumia zaidi kwa wachochezi wanaowagombanisha watu, jinsi "msuguano" unavyotawala kurasa za siasa za magazeti. Lakini wanasayansi wa Ulaya wa karne ya 18 wengi wao waliamini kwamba joto ni aina ya kimiminika kilichofichika ndani ya vitu. Mwaka 1798 Benjamin Thompson, maarufu kama Count Rumford, alieleza alichokiona katika kiwanda cha mizinga mjini Munich. Alikekeza mzinga kwa keekee butu ndani ya maji, na baada ya saa mbili na nusu maji yakachemka bila moto wowote. Na mradi farasi waliendelea kuizungusha mashine, joto halikwisha. Kimiminika kilichofichwa kingekwisha. Hivyo joto ni mwendo uliogeuzwa. Huko ndiko harufu ile ya lori ilikotoka: mwendo wote wa tani za mahindi kutoka juu ya mlima ulikuwa unageuzwa kuwa joto ndani ya vipande vichache vya breki, na breki iliyopata moto kupita kiasi hushika kidogo.

Ilibaki ile tatizo la Amontons: kwa nini eneo halihesabiwi? Jibu lilitolewa katika karne ya 20, huko Cambridge, na Frank Philip Bowden na David Tabor, waliochapisha kitabu chao kikubwa mwaka 1950. Walionyesha kwamba vitu viwili vinavyoonekana kugusana havigusani kama tunavyodhani. Ukichukua brashi mbili za viatu ukazielekeza uso kwa uso, ni ncha tu zinazokutana. Ndivyo ilivyo hata kwa chuma kilichong'arishwa: eneo linalogusana kweli ni sehemu ndogo mno ya lile tunaloliona. Uzito ukiongezeka, ncha hubonyea na nyingine mpya hukutana, hivyo eneo la kweli huongezeka. Na kwenye metali zile ncha hushikamana, karibu kama zilizoungwa. Kuteleza ni kuzibandua. Kwa hivyo Amontons alikuwa sahihi juu ya eneo linaloonekana, na walioshangaa nao walikuwa na haki kushangaa, kwa kuwa eneo lina maana, ila ni eneo lile lisiloonekana.

Sasa nirudi kwa binti yangu na matope yake.

Msuguano haupingi mwendo. Unapinga mtelezo, yaani unapinga nyuso mbili zilizokandamizana zisipitane. Unapotembea, wayo wako unaisukuma ardhi nyuma. Kama hakungekuwa na kizuizi, wayo ungeteleza nyuma nawe ungebaki palepale. Msuguano unakataa mtelezo huo, na katika kukataa, ardhi inakusukuma mbele. Kwenye matope ardhi haina uwezo wa kukataa vya kutosha. Ndiyo maana hatuendi. Ikiwa wewe unasukuma ardhi, ardhi nayo inakusukuma wewe: lile "-an-" la "suguana" lilikuwa limetuambia hayo tangu zamani, nasi hatukusikia.

Je, tofauti hii ina maana yoyote nje ya mtihani? Inayo, tena kubwa. Tuchukue gari linalokwenda kilomita 80 kwa saa kwenye lami kavu, ambapo msuguano wa tairi ni kama saba ya kumi ya uzito. Tangu breki inapokamatwa barabara, litahitaji takriban mita 36 kusimama. Mvua ikinyesha na msuguano ukashuka hadi nne ya kumi, litahitaji takriban mita 63. Mwendo ukipunguzwa kwa nusu, umbali huo unakuwa robo. Na abiria anayejifariji kwamba gari zito linashika barabara zaidi kwa hivyo litasimama upesi, anahesabu upande mmoja tu: ni kweli uzito unaongeza msuguano, lakini unaongeza kwa kiwango kilekile kitu cha kusimamishwa, na breki zenyewe zina kazi kubwa zaidi ya kufanya.

Kuna jambo jingine. Tairi linalozunguka vizuri, pale linapogusa lami, halitelezi. Kwa nukta ile limetulia, na kwa hivyo linafaidi ule msuguano mkubwa wa Euler. Dereva akikanyaga breki hadi magurudumu yakafunga, tairi linaanza kuteleza na ushikaji unapungua, na usukani nao hausikii tena. Ile mitambo ya kisasa inayozuia magurudumu yasifunge inafanya kazi kwa maarifa yaleyale ya wavutaji wa jahazi, ila kwa kuyageuza: badala ya kukibandua chombo, inakizuia kisibanduke.

Kila mwaka tunazika watu waliokufa kwenye miteremko yetu. Wakazi wa Salgaa, kwenye barabara kuu ya Nakuru kuelekea Eldoret, hawahitaji kuelezwa na mtu maana ya lori lililoshuka na gia iliyoachiliwa. Sidai kwamba istilahi sahihi ingewaokoa wote. Madereva wengi wanajua hatari, ila gharama ya mafuta na haraka ya tajiri zinawasukuma. Ninachodai ni kidogo zaidi: kwamba tunawafunza watoto wetu maarifa haya kwa sentensi iliyopinda, katika lugha ambayo dereva, fundi na mama mwenye kuchagua kiti ndani ya matatu hawaitumii wanapozungumzia hatari hiyo. Kisha tunashangaa kwamba anayepasi mtihani wa fizikia hupanda gari lenye matairi yenye vipara bila wasiwasi.

Nilimpigia mjomba simu. Amezeeka sasa, haendeshi tena, lakini kichwa chake ni kizima. Nikamuuliza, nyinyi madereva mliiita nini nguvu ile ya breki na tairi?

"Hatukuiita kitu," akasema. "Tulisema tu inashika au haishiki."

Nikamwambia binti yangu aandike hivyo pembeni mwa daftari lake, kwa kalamu ya risasi, chini ya ile sentensi ya mwalimu: msuguano ni kani ya kushikana, inayokataa nyuso mbili zisitelezeane. Aliisoma mara mbili. Kisha akauliza kama mtihani utakubali jibu hilo. Nikamwambia ukweli, kwamba kwa sasa aandike lile la Kiingereza, lakini akivuka barabara wakati wa mvua akumbuke lile la mjomba.